Mpiga gitaa wa Katuba anayetengeneza filamu za wazee: nilichopata kwa pesa yangu

Kama nyumbani kwenu kuna mzee anayepiga gitaa la Katanga la zamani, au karindula (banjo kubwa ya huku kwetu), au hata anayeimba tu huku mtu akimgongea chupa, na mmekuwa mkisema "iko siku tutamrekodi", nendeni Katuba, komini (wilaya) ya mji wetu wa Lubumbashi, kwa huyu bwana kabla mvua hazijaanza. Bei yake si ya mchezo, kazi yake inachelewa, simu yake mara nyingi imezimwa. Hata hivyo ningemlipa tena kesho asubuhi.

Mimi ni muuza vitenge, soko la Kenya, komini ya hapa Lubumbashi, si nchi. Kazi yangu ni kushika kitambaa, kukigeuza upande wa ndani na kuangalia kama rangi imepenya. Kwa hiyo nikitoa dola zangu kwa mtu wa kamera, nataka kuona amefanya nini, si kusikia sifa zake. Jina lake sitaliandika, maana yeye mwenyewe hapendi litembee bila idhini yake. Ukifika Katuba ukauliza yule wa gitaa na kamera, utaonyeshwa parseli (kiwanja) yake. Sisi wote tunamwita Fundi.

Niliyempelekea ni mjomba wangu, kaka wa mama. Amepita miaka 80. Alikulia Likasi wakati mji ule ukiitwa bado Jadotville, akajifunza gitaa kwa kukaa karibu na wakubwa na kutazama vidole vyao, maana hakuna aliyekuwa anafundisha. Alifanya kazi hadi pensheni, na jioni alipiga. Kwenye vilio (matanga), kwenye ndoa, kwenye kunywa kwa Jumamosi, ndiye aliyekuwa anaitwa.

Miaka michache iliyopita, kwenye ndoa ya mtoto wa dada yangu, tuliwalipa watu wa video, na mjomba alipiga nyimbo kadhaa mbele ya wageni. Video ilipotoka, mjomba yumo, lakini anaonekana kwa mbali kati ya viti. Halafu mikono imekatwa, halafu kamera imepanda juu kuonyesha mahema, halafu maua yanaanguka kwenye picha. Na sauti yake wameitoa! Wameweka wimbo wa studio juu yake, mzee wa watu anaonekana anapiga na sisi tunasikia mtu mwingine. Nilikasirika, na hasira ile haijaniisha. Ndiyo sababu nilipomwendea Fundi, swali langu la kwanza lilikuwa: "Yaya (yaani kaka), sauti utaifanya nini?"

Hakunijibu kwa mdomo. Alichukua gitaa.

Hapo ndipo kazi yake inapotofautiana na ya wengine, na ni vizuri kusema ametoka wapi. Alianza na karindula. Wasomaji wa mbali huenda hawaijui: ni kama banjo kubwa yenye nyuzi nne, tumbo lake ni debe au pipa lililokatwa, juu wanatandika ngozi ya mbuzi. Watoto wa kartye (mitaa) zetu wameikuta, na mnamo 2011 kampuni ya muziki ya Ubelgiji, Crammed Discs, ilitoa sahani ya muziki ya vikundi vya karindula vya huku pamoja na DVD, ulimwengu ukaona. Fundi aliitengeneza yake mwenyewe akiwa kijana, kwa debe la mafuta. Baadaye akahamia gitaa, akapiga kanisani, akapiga kwenye baa, akafuata vikundi hadi vijiji vya barabara ya Kasenga. Na kila mtu wa kamera alipokuja kuwapiga picha, ilikuwa vilevile: anapiga picha wachezaji, anapiga picha kofia, anapiga picha watoto wanaocheka. Mikono ya mpigaji hakuna anayeitaka. Fundi akaanza kujipigia mwenyewe kwa simu, akajifunza kukata picha kwenye kompyuta ya kuazima, akaingia mafunzo ya kamera mjini. Filamu yake ya kwanza ilihusu watu wanaotengeneza karindula, kutoka pipa hadi uzi wa nne. Aliionyesha kwa shuka iliyotundikwa ukutani, komini moja baada ya nyingine, na anaendelea hivyo hadi leo kwa sababu anasema walioimba wawe wa kwanza kuona.

Mtu kutoka muziki kuingia sinema si jambo geni kwa mji huu. Baloji, aliyezaliwa hapa Lubumbashi mwaka 1978, alianza na rap huko Ubelgiji katika kundi la Starflam, na filamu yake ndefu ya kwanza ikapata zawadi ya Sauti Mpya kwenye tamasha la filamu la Cannes mwaka 2023, katika kitengo cha Un Certain Regard. Ila Fundi njia yake ni nyingine. Yeye hatafuti hadithi ya kubuni. Anataka wimbo ukae ulivyo, na mkono uonekane.

Siku ya kazi alikuja kwetu mapema, jua likiwa bado la upande, na msichana mmoja anayemsaidia. Nilitegemea watoe kamera. Hawakutoa kitu. Fundi alimsalimia mjomba kama anavyosalimiwa mkubwa, akakaa kwenye kiti kidogo chini yake, akaomba kusikia. Mjomba akapiga kidogo. Fundi akachukua gitaa lake akaingia la pili, polepole, chini kabisa. Mjomba akamtazama mkono, akasimama, akasema: "Hapana, mtoto, gumba lako linakimbia." Akamrudisha mwanzo. Wakaenda hivyo muda mrefu, mimi nikianza kuhesabu kichwani pesa niliyolipa.

Sasa naelewa kilichokuwa kinafanyika. Mtindo wa mjomba ni wa vidole viwili, dole gumba na kidole cha shahada. Gumba linatembea kwenye nyuzi nene bila kupumzika, shahada kinachukua wimbo kwenye nyuzi nyembamba, na kila kimoja kina mwendo wake. Ndiyo maana watu wakisikia rekodi za Jean Bosco Mwenda wanadhani ni magitaa mawili. Mwenda alikuwa mtu wa Bunkeya, kwa Wayeke, amezaliwa 1930. Hugh Tracey, mzungu aliyezunguka Afrika akirekodi muziki, alimkuta Jadotville mwaka 1952 akamrekodi, na sauti yake ikafika Nairobi kabla hajafika mwenyewe. Mwishoni mwa miaka ya 1950 akakaa kule, akawa na kipindi redioni, vijana wa Kenya wakajifunza gitaa kwa kumsikiliza. Mwaka 1969 alipiga kwenye tamasha la Newport, Marekani. Alikufa kwa ajali ya gari nchini Zambia mwaka 1990. Na hakuwa peke yake: kulikuwa na binamu yake Edouard Masengo, kulikuwa na Losta Abelo. Mjomba anawataja hao watatu kama majirani.

Fundi aliniambia jambo ambalo nimebaki nalo: wapigaji wengi wa rika lile wametuachia sauti bila mikono. Unasikia, unapenda, lakini hujui kidole kilikuwa wapi. Kijana anayejifunza kwa sauti peke yake anaweka vidole pale anapoona ni rahisi, na wimbo unabadilika bila yeye kujua. Kwa hiyo kabla ya kuwasha kamera, anajifunza wimbo mwenyewe. Akishaujua, anajua ni wakati gani mkono wa kushoto utaruka, ni wakati gani gumba litanyamaza, na kamera anaiweka kwa ajili ya hayo. Mpiga picha asiyepiga gitaa atajuaje?

Aliweka kamera mbili. Moja ilikaa kwenye stendi yake, imetazama mkono wa kulia na shingo ya gitaa, na hakuigusa hadi mwisho. Ya pili alikuwa nayo yule msichana, inatafuta uso wa mjomba. Maikrofoni ya gitaa aliielekeza pale shingo inapokutana na tumbo, si mbele ya tundu. Akasema tundu linavuma, na uvumo unalifunika gumba. Maikrofoni ya pili ilikuwa ya mdomo. Sauti haikuingia kwenye kamera bali kwenye mashine ndogo ya pembeni, na ili baadaye picha na sauti vikutane, mwanzoni mwa kila wimbo mtu apige makofi mara moja mbele ya kamera. Mjomba alikataa makofi. Alisema wimbo unaanza na chupa. Basi mpwa wangu akapewa chupa tupu ya bia ya Simba na msumari, akagonga mara moja, wakasubiri, ndipo wakaanza, na chupa ikaendelea kama zamani. Fundi alifurahi kuliko mtu yeyote pale uani.

Jirani alikuwa na jenereta inayonguruma, maana umeme ulikuwa umekatika tangu usiku. Wengine wangesema tutarekebisha kwenye kompyuta. Fundi alivuka mwenyewe, akasalimu, akaeleza, akaomba wazime kwa muda wa nyimbo tatu. Wakazima, na wao wenyewe wakaja kusikiliza ukutani. Vifaa vyake vyote vilikuwa vinatembea kwa betri, kwa hiyo kukatika kwa umeme hakukutugharimu chochote. Hilo kwa mji wetu ni la kumpongeza.

Halafu kuna urefu wa nyimbo, na hapa niruhusiwe kukaa kidogo. Nyimbo tunazozijua kutoka zama zile ni fupi, zinakatika kama mtu ameitwa mlangoni. Sababu ni sahani. Zile za mizunguko 78 kwa dakika zilikuwa na nafasi ya dakika kama 3 tu kila upande, na mpigaji aliambiwa amalize kabla sindano haijafika katikati. Lakini kwenye kilio hakuna aliyepiga dakika 3! Mjomba kwenye kilio anaimba jina la marehemu, anataja wakwe, anatania mashemeji, anarudi kwenye gitaa peke yake, anaanza tena. Fundi alimwambia: "Mzee, leo hakuna sahani. Maliza ukimaliza." Wimbo wa pili ulikwenda dakika 11. Ndani yake mjomba alimtaja bibi yangu, ambaye mimi sikumkuta, na akataja mtaa waliokaa Likasi na kazi aliyokuwa anafanya babu. Mama yangu alikuwa amekaa kwenye mkeka anatoa sombe (majani ya muhogo) kwenye vijiti, aliacha kazi. Katika familia yetu hakuna aliyewahi kuandika mambo hayo mahali popote.

Kwenye filamu iliyomalizika wimbo ule upo wote, haukukatwa hata mara moja katikati. Picha inahama kutoka mkono kwenda usoni na kurudi mkononi, lakini inahama pale muziki unapogeuka. Pale gumba linapobaki peke yake, picha inabaki kwenye gumba. Mjomba anakohoa kabla ya beti la mwisho, na kikohozi kimebaki. Fundi aliniuliza kama nataka kitolewe. Nikasema akiache, ni chake.

Nilipewa filamu ya karibu dakika 40 kwenye flashi, na sauti peke yake kwenye faili tofauti kwa ajili ya kusikiliza redioni au kwenye simu. Alieleza kwamba sauti ya filamu ameichukua kwa kipimo cha 48 kHz na ile ya faili tofauti ameigeuza kuwa 44.1 kHz, kipimo cha CD. Masikio yangu hayaoni tofauti, lakini mpwa wangu anayesoma mambo ya kompyuta alisema ndivyo inavyotakiwa. Aliniambia pia ninunue diski mbili, nakala moja ikae kwangu na nyingine ikae nyumba nyingine kabisa, kwa sababu moto na wezi hawachagui.

Bei ilikuwa dola 400, nusu mwanzo na nusu mwisho, noti safi zisizochanika. Ndani yake kuna jioni moja ya kuonyesha filamu nyumbani kwa projekta yake na shuka yenu. Watu wa ndoa wanachukua zaidi ya hapo kwa siku moja ya maua na droni, kwa hiyo mimi sioni kuwa ni nyingi, ingawa najua kwa familia nyingi za hapa ni pesa ya kuchangishana. Sisi tulichangishana. Anakubali kulipwa kidogo kidogo, mradi muandikiane.

Tulipoonyesha, uwanja ulijaa hadi ukutani. Mjomba alijitazama akiwa amekunja uso, akasema uzi wa tatu ulikuwa umeshuka kidogo kwenye wimbo wa kwanza. Ni kweli, umeshuka.

Mabaya yake sitayaficha. Aliahidi kabla ya Pasaka, tukapata baada ya Pasaka kwa muda mrefu, na katikati simu haikuwa inapatikana. Ilibidi nimtume mtoto hadi Katuba kwa pikipiki. Akipata safari ya kupiga muziki, kazi ya kompyuta inasimama, na yule msichana hawezi kumaliza peke yake. Ni msanii, anaishi kwa vyote viwili, naelewa. Lakini mteja aambiwe. Kama mzee wenu ni mgonjwa, mwambieni siku ile ile ya kwanza, mumtake aandike tarehe.

Maandishi ya chini ya picha nayo yalinisumbua. Mjomba anaimba Kiswahili chetu, anaingiza Kisanga, na mahali pengine Kibemba. Nakala ya kwanza ilikuwa na maandishi ya Kifaransa tu, meupe, na mahali ambapo shati la mjomba ni jeupe huwezi kusoma kitu. Nilirudi, nikasema wajukuu wetu wa Kolwezi na wa Ndola wanataka Kiswahili. Hakubisha. Alikaa na mama yangu alasiri nzima wakipitia maneno ya Kisanga moja moja, akaandika upya kwa Kiswahili na rangi ya njano, bila kuongeza bei. Ningependa tu angeuliza hilo tangu mwanzo. Sehemu ya mwisho ya filamu, jua lilipojificha, uso wa mjomba ni giza kidogo. Mkono unaonekana vizuri, na nadhani kwake mkono ndio uliokuwa muhimu.

Mahali pake pa kazi ni chumba kimoja nyuma ya nyumba, bati juu, magodoro ukutani ya kumeza sauti. Mvua ikinyesha harekodi ndani, bati linalia mno. Hakuna pa kukaa wageni, utakaa nje chini ya mwembe na mkewe atakuletea maji. Ukienda Novemba jitayarishe kwa matope.

Jambo ambalo sikulitegemea kabisa kwa mtu wa kamera ni karatasi. Kabla ya kupiga picha alituandikisha ukurasa mmoja: nyimbo ni za mjomba, filamu ni ya Fundi na familia kwa pamoja, na hakuna upande utakaoiuza au kuipeleka televisheni bila upande mwingine kukubali kwa maandishi. Sheria ya Kongo ya haki za watunzi ni ya mwaka 1986, na inalinda kazi hadi miaka 50 baada ya mtunzi kufa, yaani watoto wa mjomba wana haki yao hata asipokuwepo. Alituonyesha pia njia ya SOCODA, jumuiya inayosimamia haki za watunzi, ili nyimbo zile ziandikwe kwa jina la aliyezitunga. Wapigaji wangapi wa mji huu wamesikia nyimbo zao kwenye teksi bila kupata franga hata moja? Fundi mwenyewe amepitia hayo na karindula yake, ndiyo sababu anajua.

Ambaye hapaswi kumwendea ni yule anayetaka video ya ndoa yenye madoido, au wimbo wa dakika 3 wa kuweka mtandaoni wiki ijayo. Atakukatalia, na kwa adabu atakuelekeza kwa wengine. Lakini kwa karindula, gitaa la vidole viwili, likembe (kinanda kidogo cha kupiga kwa vidole gumba), nyimbo za kilio, za kutwanga, za kanisa la zamani, sijaona mwingine mjini anayekaa chini na mzee mpaka ajifunze wimbo kwanza.

Mkienda, pelekeni nyuzi mpya za gitaa na mzibadilishe siku mbili kabla, zizoee. Za mjomba zilikuwa na kutu na tulipoteza saa nzima kutafuta duka. Muwe na mtu mzima anayejua lugha ya nyimbo. Fungeni mbwa. Na mpangeni asubuhi, si mchana: mwanga ni mzuri, jenereta ni chache, na mzee bado ana nguvu. Sisi tumeshamlipa nusu ya awamu ya pili, maana mjomba anasema zile alizopiga ni za kilio tu, za ndoa hajagusa.